Usinipigie Simu, Dada

Tabata, Dar es Salaam
11 Februari 2024

Dada Albina, shikamoo.

Nimetoka misa ya kwanza, na kabla sijavua viatu nimeona nikuandikie, maana nikishavua nitalala. Kwangu hakuna mgonjwa. Mama Meshack anakusalimu, anasema yale maharage yaliisha kabla ya Krismasi na wewe ujue la kufanya. Meshack mwenyewe yuko Dodoma na kazi yake. Habari za Pito? Mahindi yamesimamaje? Goti lako?

Sasa jambo lenyewe. Valerian, yule kijana niliyempokea kazini akiwa bado anabeba nyaya za taa, siku hizi ni mwongozaji wa filamu, tena wa kusifiwa magazetini. Filamu yake mpya anataka kuirekodia Ufipa. Nilimwonyesha picha za ile miteremko ya nyuma ya Pito, akasema hapahapa. Miaka ishirini na saba nimekuwa msaidizi wa mwongozaji. Nimepeleka kamera Bagamoyo, Moshi, Lindi, Mafia. Nyumbani sijawahi. Mwezi wa sita tunakuja, Mungu akipenda.

Naomba unitafutie vitu viwili. Kwanza, akina mama thelathini wenye subira ya kusimama juani. Nimefikiria jumuiya yenu, kwa kuwa wewe ndiye mwenyekiti na wanakuogopa. Pili, ng'ombe arobaini wa mtu mmoja, wanaojuana, wasije wakapigana. Kuna siku ng'ombe watashuka mteremko mbio, na akina mama wavuke njia mbele yao. Usishtuke, kupanga mambo hayo ndiyo kazi yangu.

Jambo moja dogo. Usinipigie simu, dada. Spika imekufa na fundi ananizungusha. Andika, umpe kondakta wa basi, nitaifuata stendi. Baba si alisema jambo zito liandikwe?

Mdogo wako,
Modesti


Pito, Sumbawanga
3 Machi 2024

Marahaba, mdogo wangu. Tumsifu Yesu Kristo.

Goti langu linauma, asante kwa kuuliza, wanangu hawaulizi. Mahindi yangu yamesimama vizuri, ila mvua ya mawe ilipita kwa jirani yangu Leonia, yule mwenye nyonga mbovu, ikamwachia mabua. Maharage yako kwenye kiroba kilichoambatana na barua hii. Mwambie Mama Meshack asiwape majirani.

Akina mama ninao. Nilitangaza jumuiyani baada ya rozari nikidhani nitabembeleza watu, kumbe kazi ilikuwa kuwafukuza. Walijiandikisha arobaini na sita! Nimewakata hadi thelathini, na wale niliowakata hawanisalimii. Leonia naye amejiandikisha, na nyonga yake. Nikamwambia, Leonia, kuna ng'ombe watakimbia pale. Akanijibu, "Si Modesti yupo? Ataniangalia." Nikaacha jina lake.

Ng'ombe wapo kwa Kabula, yule mjane wa Kisukuma aliyehamia bondeni na marehemu mumewe. Anao sitini. Amekubali, ila kwa sharti kwamba wanawe ndio watakaoswaga.

Sasa na mimi nina yangu. Spika gani hiyo? Tangu mwezi wa nane sijasikia sauti yako. Nikituma meseji unajibu "sawa". Nilikuandikia kwamba padri wetu amehamishwa, ukajibu "sawa". Nikakuandikia kwamba umenikera, ukajibu "sawa".

Halafu Sharon. Binti wa watu, umemchukua hapahapa Mazwi, umemfundisha kazi yako miaka sita, leo amerudi kwa mama yake anatoa fotokopi kwenye kibanda karibu na soko. Nilikwenda kutoa kopi ya kitambulisho, nikamuuliza, mwanangu, mbona uko huku? Akasema, "Muulize mjomba." Ndiyo nakuuliza.

Ile filamu yenu ya mwaka juzi waliionyesha kibanda umiza. Nilikaa kwenye benchi hadi mwisho nione jina lako, maana hujawahi kuonekana hata mgongo. Majina yalipoanza kupanda, kijana akazima akaweka mpira. Nusura nimchape.

Dada yako,
Albina


Tabata, Dar es Salaam
28 Machi 2024, Alhamisi Kuu

Dada Albina, shikamoo na Pasaka njema mapema.

Maharage yamefika, hayajapewa jirani yeyote. Mama Meshack ana mafua, mimi mzima. Pole kwa Leonia na mahindi yake.

Umeniuliza mengi, nijibu ya kazi kwanza. Umesema sijawahi kuonekana hata mgongo, na wewe si wa kwanza kunicheka. Mwongozaji anaangalia kinachoingia kwenye picha. Mimi naangalia vyote vilivyobaki: nani amekunywa chai, nani yuko chooni, jua limefika wapi, gari la maji limekwama wapi. Nikifanya kazi vizuri hakuna anayejua kwamba nilikuwepo.

Siku ya ng'ombe itakwenda hivi. Nitakuwa na mtu juu ya mteremko, mtu chini, na mtu kwa akina mama. Kila mmoja ana redio koo. Anayeona hatari anasema "simamisha" kwenye redio, mimi nikisikia napaza sauti, na kila kitu kinasimama. Sauti ya kusimamisha inatoka kwangu tu. Ikitoka kwa watu wawili, watu wanachanganyikiwa na ndipo wanapoumia. Leonia mwambie nitampa nafasi ya mwisho kwenye mstari, karibu na ukingo.

Tarehe 17 Aprili nitakuja na Valerian kuangalia eneo, siku mbili tu. Utatupikia.

Simu bado iko kwa fundi.

Modesti


Pito, Sumbawanga
22 Aprili 2024

Modesti,

Tumsifu Yesu Kristo. Habari za nyumbani unazo, juzi ulikuwa hapa ukala ugali wa ulezi na migebuka ya Kasanga mpaka ukalegeza mkanda. Valerian ni kijana mwenye adabu, amenifurahisha. Kwa hiyo naingia moja kwa moja.

Mlipokaa mezani ulimhamisha Valerian kwenye kiti alichokwisha kukalia, ili sisi sote tuwe kulia kwako. Leonia alikuuliza, "Watoto umewaacha wazima?" Ukamjibu, "Milele na milele, amina." Watu wakacheka, wakadhani ni utani wa mjini. Mimi sikucheka. Kule mteremkoni Kabula alikuwa nyuma yako akieleza yule dume wa mbele ana tabia gani, hukugeuka hata shingo. Basi nikafanya ubaya. Nilichukua lile sufuria kubwa la misiba nikaliangusha kwenye sakafu, hatua mbili nyuma yako. Valerian aliruka, kuku wakakimbia. Wewe uliendelea kuangalia picha kwenye simu yako, ile simu iliyoko kwa fundi.

Modesti, husikii.

Unamkumbuka Baba siku za mwisho za ukatekista wake. Unakumbuka ile Jumapili upepo uling'oa bati la kigango katikati ya ibada. Watu wote walikimbia nje, na Baba amefumba macho anaendelea kuyaombea mabenchi. Wewe ulikuwa nje pamoja nasi, una miaka kumi na miwili, unacheka umeshika tumbo. Mimi ndiye niliyerudi ndani kumshika mkono. Akaniuliza, "Wameenda wapi?"

Sijawahi kukusema kwa kicheko kile na leo sikusemi. Ulikuwa mtoto. Lakini Baba alikuwa na mabenchi tu mbele yake. Wewe utakuwa na ng'ombe arobaini na akina mama thelathini, majina yao nimeyaandika kwa mkono wangu. Umeniandikia mwenyewe kwamba usiposikia wewe hakuna kinachosimama.

Nijibu. Na usinijibu "sawa".

Albina


Tabata, Dar es Salaam
26 Mei 2024

Dada Albina, shikamoo.

Samahani kwa kuchelewa, ratiba imenibana. Mama Meshack amepona mafua. Huku mvua zimeharibu barabara zote, nadhani na nyinyi sasa mnavuna.

Waambie akina mama waje na kanga zilizofifia, wasiniletee vitenge vya harusi. Sweta wavae ndani, najua baridi ya Juni. Wasivae ndala. Gari la vifaa linaondoka Dar tarehe 13. Mazoezi ni tarehe 17 na 18. Ng'ombe ni Alhamisi tarehe 20, saa mbili asubuhi, upepo ukiwa bado mdogo.

Nimebadilisha kitu kimoja. Siku ya ng'ombe sitatumia redio koo, upepo wa Ufipa utazivuruga. Nimenunua filimbi ya refa, ya chuma. Nitasimama juu ya kile kijilima cha ng'ambo ya njia, nione kila kitu kwa macho yangu. Nikiona hatari napuliza mara moja, akina mama wanasimama, na wanawe Kabula wanazuia ng'ombe. Ni rahisi, hata Leonia ataelewa.

Barua yako ya Aprili niliipata.

Modesti


Pito, Sumbawanga
31 Mei 2024

Modesti,

Salamu baadaye.

Niliposoma neno filimbi nilianza kutafuta viatu. Niliazima filimbi kwa mwalimu wa michezo, nikapanda bodaboda na goti langu hili hadi kwa Kabula. Nikamweleza, mdogo wangu atapuliza hivi, ng'ombe wenu msimamishe. Kabula akanitazama. Akasema, "Hebu puliza, dada."

Ng'ombe walikuwa zizini wamelala, wanacheua. Nikapuliza mara moja. Yesu na Maria! Walisimama wote kwa pamoja wakaja kwangu mbio, fito za zizi zikakatika, wanawe wakaingia kati na fimbo, mimi nilikwisha kujitupa nyuma ya pipa la maji. Kabula alicheka mpaka akakaa chini. Kisha akaacha kucheka, akaniambia nisimame nisikilize. Marehemu mumewe alikuwa akiwapulizia filimbi wakati wa kuwapa magadi, miaka yote, na wanawe wanafanya hivyohivyo. Ng'ombe wale wakisikia filimbi wanajua magadi yamemwagwa, na wa kwanza ndiye anayeyalamba.

Sasa fikiri kijilima chako kilipo. Wewe uko ng'ambo, ng'ombe wako juu, akina mama wako katikati. Ungeona hatari, ungepuliza, na ungewaita ng'ombe arobaini wapite juu ya Leonia.

Kabula angekuambia jambo hili tarehe 18 Aprili kama ungemuuliza. Hukumuuliza kwa sababu ungelazimika kusikia jibu. Nimekasirika na nimeogopa, sijui kipi kimezidi.

Mwambie Valerian. Tarehe 15 ikifika hujamwambia, jumuiya yangu haitoki majumbani, na mimi ndiye nitakayemwambia kwa nini.

Albina


Tabata, Dar es Salaam
8 Juni 2024

Dada Albina, shikamoo.

Filimbi nimeitupa. Nilisoma barua yako nimesimama stendi, watu wananigonga na mizigo, nikashindwa kuondoka.

Sikio la kushoto lilikwisha mwaka juzi. La kulia limebaki nusu, nasikia watu kama wapo nyumba ya pili. Redio koo ikisema nasikia mkwaruzo tu. Nimejifunza kusoma midomo. Nimejifunza kuuliza maswali ambayo jibu lake ni ndiyo au hapana, na kucheka wengine wakicheka. Mama Meshack anajua nusu. Wewe sasa unajua yote, isipokuwa la Sharon.

Oktoba mwaka jana tulikuwa tunarekodi ndani ya ghala. Eustaki, fundi wa taa, alikuwa bado juu ya ngazi. Alimwambia Sharon, Sharon akaniambia kwenye redio, ngoja, Eustaki yuko juu. Sikusikia. Nikatangaza kwamba tuko tayari, Valerian akasema "ekshen", waigizaji wakasukuma makreti yakagonga ngazi. Eustaki alivunjika nyonga.

Valerian aliniuliza mbele ya watu kama niliambiwa. Nikasema sikuambiwa. Sharon akasema aliniambia. Nikasema basi redio yake haikuwa na chaji. Kuchaji redio ilikuwa kazi yake. Waliniamini mimi, kwa miaka yangu yote ile. Akafukuzwa siku hiyohiyo. Alinitazama tu, hakusema kwamba mimi ni kiziwi, na alijua. Kwa miezi mitatu alikuwa akinirudia maneno ya watu karibu na sikio langu la kulia bila mimi kumwomba.

Dada, nikisema, nimekwisha. Nani atamchukua msaidizi asiyesikia? Sina picha hata moja ambayo nimo. Nina kazi hii, na hii ya Ufipa ilikuwa niwaonyeshe nyinyi kwamba haikuwa uongo, kwamba kweli kuna kitu nilikuwa nafanya huku. Nakuomba siku moja tu, tarehe 20. Nitamweka mtu kando yangu aniguse bega. Ikishapita nitastaafu, nitamfuata Sharon, nitamwomba msamaha kwa magoti. Siku moja, dada.

Modesti


Pito, Sumbawanga
11 Juni 2024

Modesti mdogo wangu,

Nimelia, nimemaliza. Hapana.

Ungeniomba shamba ningekupa. Siku hiyo si yangu, ni ya akina mama thelathini, na hawajui unachoniomba. Leonia ananiuliza kila asubuhi kama kanga yake imefifia vya kutosha.

Leo nimekwenda Mazwi kwa Sharon. Barua yako sikumwonyesha. Nilimuuliza tu kama angekuja kufanya kazi tarehe 20. Aliendelea kupanga karatasi, kisha akasema, "Mjomba aniite mwenyewe." Namba yake ni ileile. Kupiga huwezi, mwandikie meseji, na iwe ndefu kuliko zangu.

Njoo. Chumba cha Baba nimekitandika.

Albina


Tabata, Dar es Salaam
7 Julai 2024

Dada Albina, shikamoo.

Tulifika salama. Mama Meshack ameshangaa nilivyonenepa kwa wiki moja, anasema ni ulezi. Anakushukuru kwa kuku, ingawa mmoja alifia Makambako.

Uliyoyaona huna haja ya kusimuliwa. Nikuambie yale ambayo hukuyaona. Tarehe 15 nilimwita Valerian nyuma ya gari la vifaa. Nikamwambia asimame mbele yangu nione mdomo wake. Nikamweleza ya masikio, ya filimbi, na ya Eustaki. Kama alijibu, nilikosa. Kisha akanyoosha mkono akanivua redio koo kiunoni, taratibu, namna ya kumvua mgonjwa shati. Akasema, "Mimi nilimfukuza Sharon kwa neno lako." Hilo nililisoma vizuri. Aliliongea polepole ili nisilikose.

Meseji ya Sharon niliiandika siku nzima. Alipokuja tarehe 16 hakunisalimia. Alichukua ratiba yangu, akakaa kwenye jiwe, akaanza kuikata kwa kalamu. Alipanga siku ile yote upya, dada. Akaleta zile bendera, nyeupe ya kuendelea, nyekundu ya kusimama. Akawavusha akina mama ng'ombe wakiwa bado mbali kabisa, na kamera akaiweka chini ionekane kama wanawakanyaga visigino. Mbinu hiyo nilimfundisha mimi Lindi, na mwenyewe nilikuwa nimeisahau.

Siku ya mazoezi upepo ulimshinda Sharon sauti. Akaja mbele yangu, akaonyesha koo lake, akaonyesha watu. Nikaelewa anataka nipaze sauti watu wanyamaze. Nikaipaza kwa nguvu zangu zote. Mimi mwenyewe sikuisikia. Niliona tu watu wanasimama, mmoja mmoja, mpaka wote.

Lakini linaloninyima raha ni la Alhamisi. Tulikuwa tumekaa wote wawili kwenye kijilima, wewe kulia kwangu. Leonia alipojikwaa, bendera nyekundu ilikuwa imekwisha kupanda na wanawe Kabula wamekwisha kugeuza ng'ombe kabla mimi sijaona kwamba ameanguka. Nilikuwa naangalia, dada. Macho yangu ni mazima, nilikuwa naangalia palepale, na nilichelewa. Nimerudia kuhesabu. Hata bila ile filimbi, kwa macho yangu tu, nilichelewa.

Nilikwenda kwa Eustaki. Anatembea kwa gongo. Nilimwambia yote. Alinipa maji ya kunywa, hakuniita kaka kama zamani, na aliponisindikiza aliishia mlangoni.

Kazini hawaniiti tena, habari zimesambaa. Nimemwandikia Valerian atoe jina langu kwenye filamu. Amekataa mara moja, nimemwandikia tena.

Mdogo wako,
Modesti


Pito, Sumbawanga
2 Februari 2025

Modesti mdogo wangu,

Tumsifu Yesu Kristo. Itikia, hata kama uko peke yako.

Huku tuko wazima. Mahindi yako kiunoni. Leonia anadunda, anguko lile lilimpa umaarufu, kila mgeni anasimuliwa, na kila akisimulia ng'ombe wanaongezeka. Kabula amekataa kumuuza yule dume wa mbele, anasema huyo sasa ni mwigizaji. Goti langu usiulize.

Jana wameonyesha filamu yenu ukumbini Mazwi. Ulisema huji. Sawa. Unaona linavyouma hilo neno?

Tulikwenda jumuiya nzima na kanga zilezile. Watu walijitafuta kwenye picha wakipiga kelele, yule mimi, yule mimi, mpaka wenye ukumbi wakatukemea. Ulipofika ule mteremko ukumbi wote uliacha kupumua. Mimi nilijua ng'ombe walikuwa mbali, nilikuwepo, na bado nilimkamata Leonia mkono, na Leonia mwenyewe alikuwa amekaa kando yangu anakula karanga.

Majina yalipoanza kupanda vijana wakainuka kutoka. Safari hii nilikuwa nimejiandaa. Nilikwenda nikasimama mlangoni. Hakuna anayetoka! Nikavaa miwani, nikasoma moja baada ya jingine. Msaidizi wa kwanza wa mwongozaji, Sharon. Mama yake alipiga kigelegele mpaka akakohoa. Nikasoma hadi jina la Kabula, hadi jina la jumuiya yetu. Lako halimo. Leonia akapaza sauti, "Na Modesti je?" Nikamwambia aliomba mwenyewe. Nikatoka mlangoni nikawaacha watu waende, maana nilikuwa sioni vizuri tena. Kioo kilikuwa kimekuwa cheusi, viti vinaburutwa, kila mtu anaongea.

Hapo ikatoka sauti. Hapakuwa na picha yoyote, ni weusi mtupu na upepo wa Pito ukivuma. "Kimya! Kimya jamani! Kila mtu mahali pake!"

Ilikuwa ni wewe, Modesti, siku ile ya mazoezi upepo ulipomshinda Sharon. Ukumbi mzima ulinyamaza. Vijana waliokwisha kufika nje walirudi ndani wakakaa. Leonia alishika karanga mkononi, hakutafuna. Tulikaa hivyohivyo gizani, hakuna aliyejua tunasubiri nini, mpaka taa zilipowashwa.

Sharon anasema alikutumia filamu tangu Januari, ukamjibu "sawa". Najua ulivyofanya. Ulisoma majina, kioo kikawa cheusi, ukazima. Usingeweza kujua kwamba bado kuna kitu. Nilitoa simu nikupigie palepale ukumbini, nikairudisha kwenye mkoba. Nimekuja nyumbani nikakuandikia.

Dada yako,
Albina